Jimmy Hill: Kauli Yenye Kazi Nyuma Yake

Mtazamaji wa soka wa leo, awe Mbagala, Kisumu au Bujumbura, ameuzoea mpangilio uleule wa matangazo. Kabla ya kipenga cha kwanza wanaonekana watu watatu au wanne wameketi studio wakibishana juu ya vikosi. Wakati wa mapumziko picha zinarudishwa nyuma, bao linaonyeshwa kwa mwendo wa polepole, na mmoja wao anaeleza ni beki gani aliyechelewa kuziba nafasi. Mpangilio huu haukushuka kutoka mbinguni. Ulibuniwa na watu, na huko Uingereza, ambako soka la televisheni tunalolitazama lilipata sehemu kubwa ya sura yake, ni wachache waliouchangia kama Jimmy Hill. Alizaliwa Balham, kusini mwa London, tarehe 22 Julai 1928, akafariki tarehe 19 Desemba 2015 akiwa na umri wa miaka 87. Kati ya siku hizo mbili alikuwa mchezaji, kiongozi wa chama cha wachezaji, kocha, mkuu wa michezo wa kituo cha televisheni, mtangazaji, mchambuzi na mwenyekiti wa klabu. Ninaiandika kumbukumbu hii kwa kuwa naamini maisha yake ya kazi yanajibu swali ambalo utangazaji wetu wa michezo bado haujalijibu sawasawa: neno la mchambuzi hupata wapi uzito? Jibu langu ni kwamba uzito huo hutoka kwenye kazi aliyoifanya mwenyewe katika jambo analolisemea, na kwenye utayari wake wa kutoa hoja ambayo wengine wanaweza kuipima. Hill alipokuwa na vyote viwili aliubadilisha mchezo. Alipovikosa alipotoka vibaya, na kupotoka kwake nako ni sehemu ya somo.

Tuanze na uwanjani, maana huko ndiko watu wengi hudhani hadhi ya mchambuzi hutokea. Hill hakuwa nyota. Alianza ligi na Brentford mwaka 1949, akahamia Fulham mwaka 1952, akadumu huko hadi 1961 bila kuitwa hata mara moja kuichezea timu ya taifa ya Uingereza. Siku yake kubwa ya ufungaji ilikuwa mwaka 1958, alipopachika mabao matano peke yake dhidi ya Doncaster Rovers, lakini katika kikosi kile kile alikuwapo Johnny Haynes, kiungo aliyekuja kuwa nahodha wa taifa, na hakuna shabiki wa Fulham ambaye angewachanganya wawili hao. Kama hadhi ya mchambuzi ingetokana na vikombe na mechi za kimataifa, Hill asingepata hata kiti cha pembeni studio. Kilichompa hadhi ni kile alichokifanya nje ya mstari mweupe akiwa bado anavaa jezi. Mwaka 1957 alichaguliwa kuwa mwenyekiti wa chama cha wachezaji, ambacho chini yake kilibadilishwa jina na kuwa Professional Footballers' Association. Wakati huo wachezaji wa Uingereza walikuwa wamefungwa na kikomo cha mshahara kilichoanza mwaka 1901 kwa pauni 4 kwa wiki na ambacho kufikia mwishoni mwa miaka ya 1950 kilikuwa pauni 20. Viwanja vilijaa makumi ya maelfu ya watu, fedha za viingilio zilikuwa nyingi, lakini mwenye kipaji kikubwa kuliko wote alipokea kiwango hichohicho cha juu na asingeweza kupewa senti zaidi kwa mujibu wa kanuni za ligi.

Hill, akiwa pamoja na katibu wa chama Cliff Lloyd, aliliendea jambo hilo kwa hoja na takwimu. Alizunguka kuwakutanisha wachezaji katika miji mikubwa, akawaeleza mapato ya klabu na sehemu inayowafikia wao, akawapa nafasi ya kupiga kura. Wachezaji walikubali kugoma. Januari 1961, siku chache kabla ya mgomo kuanza, viongozi wa ligi walikubali kukiondoa kikomo hicho, na Haynes akawa mchezaji wa kwanza wa Uingereza kulipwa pauni 100 kwa wiki. Chama hicho hicho kilisimama nyuma ya George Eastham katika kesi yake dhidi ya Newcastle United, na mwaka 1963 Mahakama Kuu ilitamka kwamba mfumo uliomruhusu mwajiri kumshikilia mchezaji hata baada ya mkataba kwisha ulikuwa unabana uhuru wake wa kufanya kazi isivyo halali. Nalitaja hili kwa kirefu kwa sababu linaeleza tabia ya sauti yake ya baadaye. Mtu aliyeketi mezani na wenye klabu, akazisoma hesabu zao na kuwajibu, alipokuja kuwazungumzia wachezaji kwenye televisheni aliwazungumzia kama wafanyakazi wenye haki, familia na maisha mafupi ya kazi. Wahenga walisema asifuye mvua imemnyea, na Hill alikuwa amelowa hadi mifupani.

Hatua ya pili ya kazi yake ilimfundisha upande wa mtazamaji. Novemba 1961 aliajiriwa kuifundisha Coventry City, klabu ya daraja la tatu iliyokuwa imetoka kuaibishwa nyumbani katika Kombe la FA na King's Lynn, timu ambayo haikuwamo hata kwenye madaraja manne ya ligi. Pamoja na mwenyekiti Derrick Robins, alibadilisha rangi ya jezi kuwa samawati, akashiriki kutunga wimbo wa klabu ambao mashabiki wanauimba hadi leo, akaandaa treni za kuwapeleka mashabiki ugenini, akaweka burudani kabla ya mechi ili familia zifike mapema. Oktoba 1965, Coventry ikicheza ugenini na Cardiff City, mechi ilirushwa moja kwa moja kwenye skrini kubwa zilizosimikwa katika uwanja wa nyumbani wa Highfield Road, na watu zaidi ya 10,000 walilipa kiingilio kutazama picha badala ya wachezaji. Uwanjani mambo yalikwenda sambamba: ubingwa wa daraja la tatu mwaka 1964, ubingwa wa daraja la pili mwaka 1967, na katika mechi ya Aprili 1967 dhidi ya Wolverhampton Wanderers walihudhuria watu 51,455, rekodi ambayo Highfield Road haikuivunja tena mpaka ulipobomolewa. Hapa pana ushahidi kwamba Hill aliielewa nguvu ya skrini kabla hajakabidhiwa kituo cha televisheni. Alikuwa ameshaiona kwa macho yake: mtu yuko tayari kutoka nyumbani na kulipa ili aone mpira kwenye kioo, mradi tu aheshimiwe na apewe kitu kinachostahili.

Ndiyo maana alipoondoka Coventry mwaka 1967, ikiwa ndiyo kwanza inaingia daraja la kwanza, hakwenda klabu kubwa zaidi. Alikwenda London Weekend Television, kituo kilichoanza kurusha matangazo mwaka 1968, akawa mkuu wake wa michezo. Kwenye kipindi cha The Big Match, akishirikiana na mtangazaji Brian Moore, alianza kufanya jambo ambalo leo tunaliona la kawaida mno: kuusimamisha mchezo kwenye picha, kuurudisha nyuma taratibu, na kumwonyesha mtazamaji sababu ya bao. Kabla ya hapo matangazo kwa sehemu kubwa yalikuwa kusimulia nani ana mpira na nani kafunga. Hill alihamisha jicho la mtazamaji kutoka kwenye mpira hadi kwenye nafasi, kwa mkimbiaji asiye na mpira, kwa beki aliyesimama hatua moja nyuma ya wenzake na kuharibu mtego wa kuotea. Uwezo huo haukutoka kwenye mashine ya marudio. Mashine ile ile ilikuwa mikononi mwa wengine. Ulitoka kwenye miaka sita ya kupanga timu na kuulizwa kila Jumatatu kwa nini imefungwa.

Kisha likaja Kombe la Dunia la Mexico mwaka 1970. Mtandao wa ITV, ukishindana na BBC yenye mizizi mirefu na heshima ya zamani, uliketisha studio jopo la watu wanne: Malcolm Allison, msaidizi wa kocha Joe Mercer katika Manchester City, Pat Crerand, Mskoti wa Manchester United, Derek Dougan wa Wolverhampton kutoka Ireland ya Kaskazini, na Bob McNab, beki wa Arsenal aliyekuwa ameachwa nje ya kikosi cha taifa cha mwisho. Moore aliongoza mazungumzo, na Hill, pamoja na mwenzake John Bromley, ndio waliokuwa nyuma ya wazo lile. Watu wanne wale walibishana kwelikweli. Walitofautiana kuhusu wachezaji, mbinu na hata heshima wanayostahili timu za nje, na umma ukawafuata kama ulivyozifuata mechi zenyewe. Tangu hapo jopo la wachambuzi likawa sehemu ya mashindano makubwa kila mahali. Mwaka 1973 BBC ilimchukua Hill ili aongoze Match of the Day, kipindi kilichokuwa kikirushwa tangu Agosti 1964, na kwa miaka 15 alikuwa uso wa Jumamosi usiku, akitangaza na kuchambua. Alibaki BBC kama mchambuzi hadi 1998, halafu akaendelea katika kituo cha Sky kwa miaka kadhaa akiongoza mazungumzo ya waandishi wa habari Jumapili asubuhi. Mtu aliyeanza kucheza enzi za kikomo cha mshahara alikuwa bado mezani enzi za mikataba ya mamilioni.

Kuna tukio moja la wazi linaloonyesha vizuri kuliko mengine ninachokiita kazi nyuma ya kauli. Tarehe 16 Septemba 1972, Arsenal ikicheza na Liverpool uwanjani Highbury, mshika kibendera mmoja aliumia na hakuweza kuendelea. Ikatangazwa kwenye vipaza sauti kwamba anahitajika mtu mwenye sifa za uamuzi. Hill, aliyekuwa uwanjani kutazama, alikuwa na sifa hizo. Alishuka, akavaa suti ya mazoezi, akachukua kibendera na kuimaliza mechi ile iliyokwisha kwa suluhu. Watu wengi hulikumbuka tukio hilo kama kioja. Mimi nalichukulia kwa uzito wake. Mchambuzi maarufu kuliko wote wa kituo chake alikuwa amekaa chini akasoma sheria 17 za mchezo na kufaulu mtihani wake, ilhali hakuna mkataba wa televisheni uliomtaka afanye hivyo. Alipomlaumu refa hewani, alimlaumu kwa sheria. Hebu tujiulize ni wachambuzi wangapi wa leo, huko Ulaya na huku kwetu, wanaoweza kueleza sheria ya mpira wa mkono kama ilivyoandikwa, na si kama wanavyotamani iwe pale timu yao inapoadhibiwa.

Sehemu ya pili ya hoja yangu ni kwamba mchambuzi wa maana hutoa pendekezo linaloweza kupimwa. Kwa miongo mingi ushindi katika mechi ya ligi ulikuwa na thamani ya pointi mbili na sare pointi moja. Hesabu yake ni hii: timu iliyoshinda mechi 10 na kufungwa 10 ilikuwa na pointi 20, sawasawa na timu iliyotoka sare mechi 20 bila kuthubutu kushambulia. Hill alishikilia kwamba hesabu hiyo inawalipa waoga, na kwamba ushindi ukipewa pointi tatu, ile ya kwanza itapata 30 na ya pili itabaki na 20. Msimu wa 1981/82 ligi ya Uingereza iliukubali utaratibu huo, FIFA ikautumia katika Kombe la Dunia la Marekani mwaka 1994, na muda mfupi baadaye ukawa utaratibu wa kawaida duniani. Leo Simba na Yanga zinapofukuzana kileleni, au Gor Mahia na AFC Leopards zinapogawana pointi Nairobi, jedwali linasomwa kwa hesabu aliyoipigania Hill. Wapo wanaopinga kwamba mabadiliko hayo yalileta faida. Wanasema timu ikishapata bao moja hujifungia nyuma zaidi kuliko zamani kwa kuwa sasa ina mengi ya kupoteza, na watafiti walioichunguza mada hii hawajakubaliana kama mabao yameongezeka. Pingamizi hilo lina nguvu, na silitupi. Lakini angalia aina ya ubishi wenyewe: watu wanabishana kwa mabao, sare na misimu. Hill aliweka mezani wazo ambalo dunia nzima inaweza kulijaribu na kulihukumu, na hata anayelikataa analazimika kuleta ushahidi. Kauli za aina hiyo ndizo zinazoujenga mchezo, ziwe zimethibitika zote au nusu yake.

Mwaka huohuo wa 1981, akiwa amerudi Coventry kama mwenyekiti, aliifanya Highfield Road kuwa uwanja wa kwanza nchini Uingereza wenye viti pekee, bila majukwaa ya kusimama. Alitaka kupunguza vurugu za mashabiki. Mashabiki wengi hawakulipenda jambo hilo, mahudhurio yakawa tatizo, na miaka michache baadaye klabu ilirudisha sehemu ya kusimama. Kwa kipimo cha wakati ule alishindwa. Hata hivyo, baada ya maafa ya Hillsborough ya Aprili 1989, yaliyoua mashabiki 97 wa Liverpool, ripoti ya Jaji Taylor ilipendekeza viwanja vikubwa viwe na viti pekee, na katikati ya miaka ya 1990 klabu za madaraja ya juu zilikuwa zimefanya hivyo. Sidai kwamba Hill aliyaona maafa yale kabla hayajatokea. Nadai kwamba aliyewahi kuubeba uwanja mabegani mwake, akajua milango yake, ngazi zake na hasira za watu wake, huuliza maswali ambayo mwenye kukaa studio pekee hayamjii.

Sasa nikabili pingamizi zito la kwanza. Itasemwa kwamba mtu mwenye viti vingi namna hii hawezi kuwa hakimu mwadilifu, na mfano upo. Tarehe 19 Mei 1977, siku ya mwisho ya msimu, Coventry, Bristol City na Sunderland zote zilikuwa hatarini kushuka daraja. Coventry na Bristol City zilikuwa zinakutana Highfield Road, na mechi ilichelewa kuanza kwa maelezo kwamba watu walikuwa bado wanaingia. Kwa hiyo mechi ya Sunderland kule Everton ilikwisha mapema, Sunderland ikiwa imefungwa 2-0. Matokeo hayo yalionyeshwa kwenye ubao wa Highfield Road wakati timu mbili zikiwa 2-2, na wachezaji walipoona kwamba sare inawatosha wote, waliupitisha mpira huku na huko mpaka filimbi ya mwisho. Sunderland ikashuka. Hill, kigogo wa Coventry na wakati huohuo uso wa kipindi kikubwa cha soka nchini, alikaripiwa na viongozi wa ligi, na Sunderland hawajamsamehe hadi leo. Siwezi kulitetea jambo hilo. Ila somo ninalolitoa humo ni tofauti na lile la wanaotaka wenye kazi wazuiwe kuzungumza. Ukiwaondoa studio wote waliowahi kushika klabu, chama au kibendera, utabaki na watu wasio na maslahi kwa sababu hawana ujuzi. Dawa ni kutangaza maslahi. Mchambuzi mwenye cheo katika klabu, mwenye undugu na wakala wa wachezaji au anayelipwa na kampuni inayoidhamini timu, alitaje jambo hilo mbele ya mtazamaji kabla ya kufungua mdomo, na siku ambayo klabu yake inahukumiwa akae pembeni. Mtazamaji si mtoto. Akijua mzungumzaji amesimama wapi, ataupima uzito wa maneno yake mwenyewe.

Isitoshe, viti vingi vilevile viliokoa mambo. Mwaka 1987 kampuni ya ardhi iliyokuwa inaimiliki Fulham ilitaka kuiunganisha klabu hiyo na Queens Park Rangers, na uwanja wake wa Craven Cottage, ulio kwenye ukingo wa mto Thames, ulikuwa mali ya kutamanisha kwa wajenzi wa nyumba. Hill aliongoza kundi la watu lililoinusuru, akawa mwenyekiti wa klabu aliyoichezea, na akakaa hapo hadi 1997, mwaka ambao mfanyabiashara Mohamed Al-Fayed aliinunua. Umaarufu alioupata kwenye kioo aliurudisha uwanjani kama nguvu ya kuokoa klabu maskini ya daraja la chini. Klabu hiyo ipo, na bado inacheza Craven Cottage.

Pingamizi la pili linahusu jopo lenyewe. Wapo wanaosema kwamba meza ile ya 1970 ndiyo iliyozaa kelele za leo: watu wanaogombana kwa makusudi, wanaotafuta kauli ya kusambaa mitandaoni, wanaomkejeli kijana wa miaka 19 kwa kukosa penalti. Ni kweli kwamba Allison na Dougan walichaguliwa pia kwa sababu walikuwa na ndimi kali. Lakini tofauti ipo, nayo ni ya msingi. Wanne wale walikuwa katika ajira ya soka siku ileile waliyozungumza. Wiki chache baadaye wangekutana uwanjani na watu waliowakosoa, na neno la ovyo lingewarudia. Ubishi wao ulikuwa na gharama. Ubishi usio na gharama yoyote kwa anayeutoa ndio unaogeuka kelele. Hill mwenyewe alilipia kauli zake. Mwaka 1982, David Narey alipoifungia Scotland bao zuri dhidi ya Brazil kule Sevilla, Hill alilieleza kama mpira uliopigwa kwa ncha ya kidole cha mguu, na Waskoti walimzomea kwa miongo mitatu. Alikosea kulidunisha bao lile, na umma ulimhukumu. Hivyo ndivyo inavyopaswa kuwa kati ya mchambuzi na wanaomsikiliza.

Pingamizi la tatu ndilo linalouma, hasa kwa msomaji Mwafrika, na kumbukumbu yoyote inayolificha ni ya uongo. Mwaka huohuo wa 1982, Hill alijihusisha na ziara ya wachezaji wa kimataifa kwenda Afrika Kusini, nchi ambayo FIFA ilikuwa imeifukuza mwaka 1976 kwa sababu ya ubaguzi wa rangi. Ziara hiyo ilivunjika njiani baada ya klabu za watu weusi kujitoa. Wakati huo vijana wa Afrika Kusini waliokimbia nchi yao walikuwa wanasoma Mazimbu, Morogoro, katika shule ya ANC iliyoanzishwa baada ya mauaji ya Soweto. Kwa watu wetu, kuvunja vikwazo vya michezo hakukuwa jambo la burudani. Miaka 22 baadaye, mwaka 2004, mchambuzi Ron Atkinson alipopoteza kazi yake kwa kumtusi mchezaji Marcel Desailly kwa neno la kibaguzi, Hill alisimama kumtetea, akalilinganisha tusi hilo na utani aliotaniwa yeye kuhusu kidevu chake kirefu. Ulinganisho huo ni batili kabisa. Hakuna taifa lililowahi kuwanyima watu kura, ardhi na shule kwa sababu ya urefu wa videvu vyao. Mtu aliyelijua soka kwa pande zake zote alionyesha hapo kwamba hakuwahi kujifunza jambo la rangi, hakuwahi kuketi na walioumizwa nalo, na bado alidhani umaarufu wake unamtosha kulitolea hukumu.

Je, hilo linaiangusha hoja yangu? Naona linaithibitisha kwa upande wa pili. Alipozungumzia mshahara, alikuwa amejadiliana. Alipozungumzia sheria, alikuwa amefanya mtihani. Alipozungumzia viwanja, alikuwa ameviendesha. Huko neno lake lilikuwa na uzito na limeacha alama. Alipozungumzia utu wa watu weusi hakuwa na chochote nyuma ya kauli, na kauli ikaporomoka. Heshima ya mchambuzi haihamishiki kutoka jambo moja kwenda jingine. Ajengaye jina kwa kusoma mchezo hajapewa leseni ya kuhukumu historia za watu, na kituo cha televisheni kinachomwachia mtu wake kufanya hivyo kinakosa pamoja naye. Nitaulizwa pia kama nataka wote waliopo studio wawe wachezaji wa zamani. Hapana. Kazi ninayoisema si kucheza tu. Aliyetumia miaka kusoma kanuni za usajili, aliyepuliza filimbi kwenye ligi za wilaya, aliyekusanya na kuchambua takwimu kwa uaminifu, aliyefundisha watoto mpira kwenye viwanja vya vumbi, huyo amefanya kazi na ana haki ya kusikilizwa katika kile alichokifanya. Mchezaji wa zamani ambaye hajafungua kitabu cha sheria tangu astaafu ana haki ndogo kuliko yeye.

Jambo hili lina uzito kwetu kwa sababu kioo sasa kinashika mkoba wa soka letu. Mwaka 2021, Shirikisho la Soka Tanzania na Azam Media walitia saini mkataba wa haki za matangazo wa miaka 10 wenye thamani ya zaidi ya shilingi bilioni 225. Fedha za namna hiyo zinaamua muda wa mechi, mishahara ya wachezaji na uhai wa klabu za mikoani. Anayeketi mezani kuzungumza mbele ya watazamaji wa ligi hiyo ameshika sehemu ya mamlaka, hata kama hajaapishwa. Ligi yetu ina maswali yanayosubiri watu wa aina ya Hill yule bora: mikataba ya wachezaji inavunjwaje, kwa nini klabu zinafungiwa kusajili kwa madeni ya mishahara, uwanja upi ni salama kwa idadi gani ya watu, ratiba ipangweje ili timu ya Kagera isimalizwe na safari. Maswali haya yanajibika kwa hoja na hesabu, na yanahitaji watu waliokaa nayo. Yakiachwa, nafasi yake itajazwa na mabishano ya nani shabiki wa nani.

Basi kwa kijana anayetamani kiti kile cha studio, ushauri wangu ni huu. Soma sheria za mchezo mpaka uzijue kwa kifungu. Soma mkataba wa mchezaji kabla ya kumwita msaliti. Toa pendekezo ambalo msimu ujao linaweza kukuumbua, kisha usilikimbie. Taja maslahi yako kabla hujaulizwa. Na jambo usilolifanyia kazi, hasa linalogusa utu wa watu, wape nafasi wanaolijua, wewe usikilize. Wewe mtazamaji nawe una wajibu: mchambuzi akisema, muulize amelijulia wapi analolisema. Tukianza kuuliza hivyo kila wiki, vituo vitalazimika kutuletea watu wenye majibu.